Barua ya wazi kwa wenye dhamana ya maonyesho ya sanaa Amu (Lamu): vitabu vyenu vinatupoteza

Kwa wakuu wa ofisi za utamaduni, wasimamizi wa kumbi za maonyesho na wafadhili,
Lamu.

KUH: VITABU VYA MAONYESHO YA SANAA

Waheshimiwa,

Assalaam aleikum.

Tungependa maneno haya yabaki baina yetu na nyinyi, na kwa muda mrefu yalibaki hivyo. Tumeandika barua, tumekuja ofisini, tumekaa kwenye vikao vya tathmini tukaambiwa maoni yetu yamepokelewa. Kitabu kilichofuata kikatoka na kasoro zile zile. Mficha uchi hazai, basi leo tunayaweka hadharani. Hatutaji ofisi, ukumbi wala mtu, kwa kuwa kasoro hizi zimepita mikono mingi, na kila mhusika atajijua mwenyewe akifika kwenye aya inayomhusu.

Tunazungumzia kitabu cha maonyesho, au katalogi kama wengi wetu tunavyokiita. Maonyesho hukaa ukumbini wiki mbili, tatu, yakizidi sana miezi miwili. Baada ya hapo turubai linakwenda kutundikwa kwenye nyumba ya mtu Shela, au linakunjwa kwenye bomba na kupanda ndege. Ubao wa nakshi unajengewa ukutani, kazi ya video inarudi kwenye flashi diski ya mwenyewe. Mtu wa Dakar au Berlin anayetafuta wasanii wa kualika hatakuja Amu kupiga hodi mlango kwa mlango. Anafungua vitabu, na asiyekuwamo kitabuni, kwake hayupo.

Kazi zenyewe nazo hazina dhamana. Mwaka 1997 moto uliunguza kituo cha sanaa cha Paa ya Paa jijini Nairobi, na kazi nyingi zikateketea. Kazi ambayo haijapigwa picha na kuchapishwa mahali, moto ukiikuta huondoka na majivu yake. Sisi tunaoishi chini ya makuti na boriti hatuhitaji kuelezwa zaidi.

Mnajua pia yaliyotokea Venice. Mwaka 2013, na tena 2015, banda la Kenya kwenye Biennale, maonyesho ya sanaa ya kimataifa ya mji huo, lilijaa majina ya wasanii wa China na Italia, hadi kelele za wasanii wa Kenya zikaifanya serikali ijitenge na banda la 2015. Mwaka 2022 banda lilikuwa na Dickens Otieno, Syowia Kyambi, Kaloki Nyamai na Wanja Kimani, na hakuna aliyeuliza Wakenya wako wapi. Tofauti kama hiyo haionekani kwa kukumbuka tu. Inaonekana kwa sababu orodha zilichapishwa na mtu yeyote anaweza kuzisoma.

Malalamiko yetu ni haya.

1. Kitabu kufika watu wameshakwenda zao

Oda ya uchapaji inatolewa wiki chache kabla ya ufunguzi, kisha mpiga chapa analaumiwa. Mpiga chapa hana kosa. Hesabu ya kazi hii hupigwa kinyumenyume kuanzia siku ya ufunguzi. Orodha ya kazi zitakazoonyeshwa ifungwe wiki 20 kabla. Picha ziwe tayari wiki 16 kabla, na maandishi yote, yakiwa yameshahaririwa, wiki 14. Mpangilio wa kurasa uishe wiki 10 kabla. Prufu ya kwanza, yaani nakala ya kukagulia kabla ya kuchapa, iwafikie wasanii wiki 9 kabla, ya pili wiki 7, na prufu ya rangi wiki 6. Kitabu kiingie mtamboni wiki 5 kabla, na kifike Amu kikiwa na wiki 2 mkononi, maana barabara ya kuja Mokowe, gati ya upande wa bara, na maji ya kuvuka hayafuati kalenda ya ofisi.

Mkikata mahali, mnakata prufu. Ndiyo maana makosa hayaishi.

2. Picha

Hapa ndipo tulipoumia zaidi, kwa hiyo mtuvumilie tukirefusha.

Kwa kitabu cha maonyesho yaliyopita, picha za kazi zilikusanywa kwa WhatsApp. Katika mpangilio wake wa kawaida, WhatsApp huibana picha hadi takriban pikseli (vitone vya picha) 1,600 kwa upande mrefu. Uchapaji mzuri unataka pikseli 300 kwa kila inchi. Gawanya 1,600 kwa 300, unapata inchi 5.3, yaani kama sentimita 13.5. Kitabu kilikuwa na ukurasa wa sentimita 24 kwa 20, na ukurasa huo ukijazwa picha unahitaji pikseli 2,835 kwa 2,362. Maana yake kila picha iliyojaza ukurasa ilivutwa karibu mara mbili ya uwezo wake. Msomaji haoni pikseli. Anachoona ni mchoraji asiyejua kumalizia kazi.

Mwanga nao. Picha nyingi zilipigwa kazi ikiwa ukutani, taa za dari zinawaka na dirisha liko wazi, upande mmoja wa turubai ukawa wa manjano na mwingine wa buluu. Hakuna programu ya kompyuta inayorekebisha hilo vizuri, kwa sababu kila upande unadai marekebisho yake. Njia ni ya kawaida na haina gharama kubwa. Funga madirisha. Weka taa mbili za aina moja, moja kila upande, kwa pembe ya nyuzi 45. Kamera iwe juu ya stendi, lenzi ikitazama katikati ya kazi, uso wa kamera sambamba na uso wa turubai, la sivyo pembe nne za picha zitakuwa pembe za kitu kingine. Piga picha ya kwanza ukiwa umeweka kadi ya kijivu na ya rangi za kupimia kando ya kazi, ndiyo itakayomwongoza mpangaji rangi. Kama turubai limepakwa vanishi na linameta, weka vichujio vya kupunguza mmeto kwenye taa na kwenye lenzi.

Nakshi ya mbao inataka kinyume chake. Taa mbili sawasawa, au flashi ya kamera kutoka mbele, huua kina chote cha patasi, na mlango uliochongwa miezi unatoka kama mchoro wa penseli. Taa iwe moja, itoke ubavuni, karibu na uso wa mbao, ili kila ua na kila mnyororo uangushe kivuli chake. Hili mafundi wa nakshi wa mji huu wanalijua bila kusoma popote, kwa kuwa wao hukagua kazi yao jua likiwa limelala. Hakuna aliyewauliza.

Tuchukue ukurasa mmoja tu. Kuna kazi pana iliyochorwa juu ya tanga kuukuu la jahazi. Katikati yake limepita shono la mshona matanga, na mchoraji alijenga picha nzima kulizunguka shono hilo: upande mmoja bara, upande wa pili bahari. Mpangaji kurasa aliitandaza kazi kwenye kurasa mbili, kitabu kikafungwa kwa gundi, na sentimita kadhaa za katikati zikazama kwenye mgongo. Kilichozama ndicho shono. Kisha herufi zilizoandikwa tangani na mwenye chombo zinasomeka kinyume, maana yake picha iligeuzwa kama kwenye kioo na hakuna aliyeitazama mara ya pili. Maelezo nayo yamechapwa kwa herufi nyeupe juu ya picha yenyewe, upande wa bahari. Dakika tano za msanii na prufu zingeyaondoa yote matatu.

Tukiwa hapo hapo kwenye prufu: rangi zinazoonekana kwenye simu hazipatikani zote kwa wino nne za uchapaji. Buluu ya kijani ya bahari yetu na machungwa makali ndizo hufa kwanza, na rangi ya dhahabu hugeuka tope. Prufu ya rangi ichapwe kwenye karatasi ile ile itakayotumika, itazamwe mchana penye kivuli, kazi halisi ikiwa kando. Prufu ya PDF iliyotumwa kwenye simu husaidia kukagua maneno. Kwa rangi haifai kitu.

3. Majina, vipimo na nyenzo

Maelezo ya kazi yana mpangilio unaojulikana duniani kote: jina la msanii, jina la kazi, mwaka, nyenzo, vipimo kwa sentimita, mmiliki, mpiga picha. Vipimo huanza na kimo, kisha upana, kisha kina. Kwenye kitabu chenu kazi iliyolala imeandikwa 120 × 80 na iliyosimama imeandikwa 120 × 80 vile vile, na msomaji wa mbali hawezi kujua ipi ni sahihi. Nyenzo za karibu kila kazi zimeandikwa "mchanganyiko". Akriliki juu ya tanga la pamba, wino juu ya karatasi iliyotengenezwa kwa mikono, vipande vya ndala zilizookotwa ufukweni vilivyoshonwa kwa uzi wa nyavu: yote hayo yameitwa mchanganyiko. Mhifadhi wa makumbusho akitaka kujua kazi itawekwaje baada ya miaka 30, neno hilo halimsaidii.

Jina la mtu liandikwe vile anavyolitia saini mwenyewe. Msanii mmoja ameandikwa Mohamed kwenye jalada, Muhammad kwenye wasifu na Mohammed kwenye orodha ya kazi. Maktaba itampokea kama watu watatu, na kila mmoja wao atakuwa na theluthi ya historia yake.

Kuna jambo zito zaidi. Wachoraji na wachongaji, karibu wote wanaume, wametajwa kwa majina yao kamili. Wanawake walioleta mikeka ya ukili, kofia za kushona na michoro ya hina wameandikwa "kikundi cha akina mama". Kila mkeka una msusi wake, na kila kofia ina mtu aliyeitoboa vitundu vyake kimoja kimoja. Walileta kazi zikiwa na vikaratasi vya majina, na vikaratasi hivyo viliondolewa ukumbini ili pasionekane na vurugu. Hatuna neno la upole la kulieleza hilo.

4. Maandishi, na salamu za waheshimiwa

Salamu za utangulizi zilichukua kurasa nyingi kuliko msanii yeyote, kila moja na picha yake ya rangi, suti na bendera. Picha hizo, tukiri, zilikuwa na pikseli za kutosha. Tunaomba salamu zote zikae kwenye ukurasa mmoja, bila picha.

Nafasi hiyo wapewe waandishi. Kila msanii aandikiwe maneno 300 hadi 500 yaliyotokana na mahojiano yaliyorekodiwa, si wasifu ulionakiliwa kutoka kwenye fomu ya kuomba kushiriki. Msanii asomeshwe andiko kabla halijachapwa ili asahihishe tarehe, majina na namna kazi ilivyofanywa. Maoni ya mwandishi abaki nayo mwandishi, hata kama hayampendezi msanii, kwani kitabu cha sifa tupu hakisomwi na mtu. Mwandishi alipwe, jina lake liwekwe.

Na andiko liwe kwa Kiswahili kwanza, liandikwe na mtu anayefikiri kwa Kiswahili, kisha Kiingereza kifuate. Mwaka 2017 Krannert Art Museum ya Chuo Kikuu cha Illinois ilifungua maonyesho makubwa ya sanaa za Waswahili, yakaenda Smithsonian huko Washington na baadaye Fowler Museum, Los Angeles, yakiwa na vitu vilivyoazimwa kutoka makumbusho ya Kenya. Kitabu chake kimefanywa kwa uangalifu mkubwa, na ni cha Kiingereza, kama ilivyotarajiwa kwa wasomaji wa kule. Kitabu kinachotoka Amu kina wasomaji wa hapa, na baadhi ya wazee wetu wanasoma Kiswahili kwa khati za Kiarabu kuliko za Kizungu. Hatudai kitabu kizima kwa khati hizo. Muhtasari wa kurasa mbili ungetosha kwa kuanzia.

5. Karatasi, gundi na hewa ya bahari

Vitabu vya maonyesho ya nyuma vimeshaanza kufa. Tumevipitia, na sababu zinaonekana kwa macho.

Vile vyembamba vilivyofungwa kwa pini za waya vimeshika kutu. Hewa ya chumvi hupita kwenye jalada, waya unavimba, kutu inaenea kwenye mkunjo, mwishowe ukurasa wa katikati unachomoka wenyewe. Vile vya gundi ya kawaida ya moto vinapasuka mgongoni, kwa kuwa gundi hiyo hulegea kwenye joto na hukauka ikawa ngumu kadiri inavyozeeka. Mtu akikibana kitabu kifunguke vizuri atazame picha, kurasa zinatoka mafungu. Dawa ni kushona kwa uzi, mafungu ya kurasa 16, kisha gundi juu yake. Kurasa 96 ni mafungu sita. Kama pesa hazitoshi kushona, iagizwe gundi ya PUR, ambayo hushika vizuri zaidi na hubaki laini.

Karatasi ya kung'aa imepakwa tabaka la udongo mweupe. Ikipata unyevu ikiwa imebanwa ndani ya katoni, kurasa mbili hugandana, na ukizitenganisha zinachukuana rangi. Vitabu vilivyowekwa sakafuni wakati wa masika vyote viliishia hivyo. Kwa michoro ya wino na maandishi, karatasi isiyopakwa ya gramu 140 kwa mita ya mraba inatosha, ingawa inapunguza ukali wa rangi. Kwa michoro ya rangi nyingi, karatasi iliyopakwa isiyong'aa ya gramu 150 ndiyo tunayoipendekeza, kwa sharti ihifadhiwe vizuri. Jalada lililofunikwa plastiki upande wa nje pekee hujikunja kama jamvi, kwa sababu upande wa ndani unanywa unyevu na wa nje hauwezi. Msiporekebisha hilo, angalau chagueni karatasi ya jalada ya gramu 300 na kuendelea.

Mwelekeo wa nyuzi za karatasi husahauliwa kila mara. Nyuzi zikipita sambamba na mgongo, kitabu hufunguka na kulala. Zikipita upande mwingine, kurasa hujikunja mawimbi mara tu kusi ikianza. Kupima ni rahisi: lowesha upande mmoja wa kipande cha karatasi, kitajikunja kuwa kama bomba, na urefu wa bomba ndio mwelekeo wa nyuzi. Iandikwe kwenye zabuni. Mpiga chapa asipoambiwa atakata karatasi vile inavyompunguzia vipande vinavyobaki, na hana kosa.

Usafirishaji pia uhesabiwe. Kitabu cha kurasa 96 za gramu 150, kipimo cha sentimita 24 kwa 20 na jalada la gramu 300, kina uzito wa kama gramu 375. Nakala 500 ni karibu kilo 190. Zikipakiwa 30 kwa katoni, ni kilo 11 na kitu kila moja, katoni 17, mzigo ambao hamali anaushusha ngazi za gati bila kuuburuta. Katoni za nakala 80 huburutwa, na za chini huloa. Kila fungu lifungwe nailoni ndani ya katoni, na ghalani katoni zikae juu ya mbao, mbali na ukuta, kwa ajili ya mchwa na unyevu wa chokaa.

6. Haki

Fomu ya kushiriki ilikuwa na sentensi moja inayosema msanii anatoa haki zote za picha za kazi zake. Kitabu hakihitaji haki zote. Kinahitaji ruhusa ya kuchapa kazi zilizotajwa, ndani ya kitabu hicho, kwa idadi fulani ya nakala, pamoja na matangazo ya maonyesho hayo. Kalenda, fulana na kadi za kuuza watalii ni mkataba mwingine na malipo mengine.

Wapiga picha na waandishi wanastahili tahadhari yao. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 inasema kazi iliyoagizwa huhesabiwa kuwa hakimiliki yake imehamia kwa aliyeiagiza, isipokuwa pande mbili zimekubaliana vingine. Kwa hiyo ukimya unamfaidi mwenye ofisi. Tunataka makubaliano yaandikwe, mpiga picha abaki na haki yake na ofisi ipewe ruhusa ya matumizi. Sheria hiyo hiyo inampa msanii haki ya kutajwa na haki ya kupinga kazi yake kuharibiwa. Kugeuza picha na kuibandika maandishi juu kunakaribia sana mpaka huo.

Marekebisho ya 2019 yaliingiza haki ya msanii kupata sehemu ya bei kazi yake inapouzwa tena. Atathibitishaje kwamba kazi inayouzwa leo ndiyo aliyoitoa mwaka fulani, yenye vipimo fulani? Mara nyingi kitabu cha maonyesho ndicho ushahidi wake pekee, na hapo malalamiko ya 3 yanageuka kuwa ya fedha.

7. Nakala zinakoishia

Wasanii walipewa nakala moja moja, wengine wakaambiwa wanunue. Kitabu hakina ISBN, namba ya kukitambulisha kitabu popote duniani, ilhali namba hiyo hutolewa hapa hapa nchini na shirika la maktaba za taifa. Maktaba iliyomo ndani ya Ngome ya Lamu haina nakala. Wakati huo huo kuna katoni zimefungiwa stoo.

Tunajua mtakayotujibu, tumeshayasikia.

Mtasema pesa hazitoshi. Kitabu kilichapwa nakala nyingi kuliko wasomaji wake kwa sababu bei ya kila nakala hushuka idadi ikipanda, na namba hiyo inapendeza kwenye ripoti. Chapeni 500 zilizoshonwa badala ya 2,000 za kupasuka. Chini ya nakala 300 hivi uchapaji wa dijitali ndio nafuu, kuanzia 500 ofseti, uchapaji wa mtambo wa sahani, huanza kulipa, na katikati yake ombeni bei za aina zote mbili.

Mtasema sheria ya ununuzi inawabana. Sheria haiwalazimishi kuweka kitabu kwenye zabuni moja na mabango, fulana na chupa za maji. Kikiwekwa humo, kinashindaniwa na wauzaji wa vifaa vya ofisi, na anayeshinda anakitafutia mpiga chapa wa bei ya chini kabisa. Tengeni zabuni yake, mwandike vipimo: karatasi, gramu, mwelekeo wa nyuzi, ushonaji, prufu mbili za maneno na moja ya rangi. Na kwa kuwa mwaka wa fedha hufungwa 30 Juni, maonyesho ya miezi ya mwisho wa mwaka yanaweza kupangwa bajeti yake mapema bila mwujiza wowote.

Mtasema siku hizi watu wana simu, bandikeni msimbo wa QR ukutani. Uwekwe, na PDF itolewe bure. Lakini anwani ya tovuti hulipiwa kila mwaka, na mradi ukiisha hakuna anayeilipia. Bandiko linabaki ukutani likifungua ukurasa mtupu.

Mtasema wasanii wenyewe huchelewesha kazi. Hilo lina ukweli, na kwenye kazi zinazojengwa ukumbini haliepukiki, kwa kuwa hazipo mpaka siku ya mwisho. Wapo wanaoleta turubai rangi haijakauka, tunawajua kwa majina, na baadhi yao wametia saini hapa chini. Njia zipo mbili. Chapeni kitabu kikuu kwa wakati, na kazi zilizochelewa zitoke kwenye kijitabu cha kurasa 16 kitakachochomekwa mfukoni mwa jalada. Au tangazeni tangu mwanzo kwamba kitabu kitatoka miezi mitatu baada ya ufunguzi, kikiwa na picha za ukumbi ulivyopangwa. Njia hii ya pili ni ya heshima kabisa, na hutoa kitabu bora. Kisichokubalika ni kuahidi ya kwanza na kutoa ya pili kwa ajali.

Basi tunaomba haya:

Kwanza, kitabu cha maonyesho yaliyopita kitolewe karatasi ya masahihisho, yenye majina ya wasusi na washonaji wote waliofutwa, ichomekwe kwenye kila nakala iliyobaki stoo, na PDF yake irekebishwe.

Pili, maonyesho yajayo yawe na mhariri mmoja wa kitabu, mwenye mkataba na mwenye mamlaka ya kusimamisha uchapaji. Kamati isaidie, lakini anayejibu awe mtu mmoja.

Tatu, ratiba ya wiki 20 itangazwe pamoja na mwaliko wa kushiriki, na hakuna ukurasa utakaokwenda mtamboni bila saini ya msanii kwenye prufu.

Nne, fomu ya "haki zote" iondolewe, na rasimu ya mkataba mpya tuletewe tuisome kabla haijapitishwa.

Tano, kila msanii apate nakala 10 bila malipo, na nakala ziende kwenye maktaba na makumbusho za Amu na Malindi pamoja na shule zinazofundisha sanaa, kitabu kikiwa na ISBN.

Tumeshawasilisha kwa maandishi ombi la kuona mkataba wa uchapaji na vipimo vilivyomo, kwa mujibu wa Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016, ambayo inatoa siku 21 za kujibu. Kwa malalamiko mengine tunaomba kikao, na mje na kitabu chenyewe mezani. Sisi tutakuja na tanga.

Wenu kwa heshima,

Wachoraji, wachonga nakshi, wasusi, washona kofia, wapiga picha na wahariri
wa Amu, Shela na Matondoni